Sewanee 1899: Mechi Tano kwa Siku Sita Katika Mchezo Usio na Mwenyewe

Kati ya Alhamisi tarehe 9 na Jumanne tarehe 14 Novemba 1899, timu ya wanafunzi wa University of the South ilicheza mechi tano za futiboli ya Kimarekani katika miji mitano. Chuo hicho kiko juu ya uwanda wa milima ya Cumberland, jimbo la Tennessee, na watu hukiita Sewanee kwa jina la kijiji chake. Alhamisi waliifunga Texas 12-0 mjini Austin. Ijumaa waliifunga Texas A&M 10-0 mjini Houston. Jumamosi walikuwa New Orleans, wakaifunga Tulane 23-0. Jumapili hawakucheza, kwa kuwa chuo ni cha Kanisa la Episkopali. Jumatatu waliifunga LSU 34-0 mjini Baton Rouge, na Jumanne wakaifunga Mississippi 12-0 mjini Memphis. Ukijumlisha mabao yote ni pointi 91 kwa sifuri, na safari nzima ya treni ilikuwa ya maili 2,500 hivi, yaani takribani kilomita 4,000.

Msimu mzima haukupungua uzito. Ulianza Oktoba 21 na kumalizika Desemba 2, mechi 12 ndani ya wiki sita. Sewanee ilishinda zote, ikapata pointi 322 na kufungwa 10. Timu moja tu, Auburn, ndiyo iliyopata pointi dhidi yao.

Kwa zaidi ya miaka mia sasa Wamarekani wa Kusini wamekuwa wakiusimulia msimu huu kama kisa cha vijana wa chuma. Vijana wenyewe wanastahili sifa hizo, na nitaeleza kwa nini. Hata hivyo swali linalonivuta zaidi ni jingine: iliwezekanaje safari kama ile kupangwa? Nani aliketi akaandika ratiba ya kumtoa mwanafunzi Austin jioni, kumlaza katika behewa, na kumwingiza uwanjani Houston kesho yake? Ukilifuata swali hilo unafika kwenye hali ya mchezo wenyewe katika miaka yake ya mwanzo. Ulikuwa mchezo ambao hakuna chombo kilichokuwa na mamlaka ya kumwambia mtu yeyote hapana.

Kwanza tuuone mchezo ulivyokuwa, kwa maana msomaji aliyezoea soka, au hata raga, anaweza kupotea katika namba hizi. Kila upande ulikuwa na watu 11 na uwanja ulikuwa wa yadi 110. Timu yenye mpira ilipewa majaribio matatu ya kusogea yadi tano, kiasi cha mita nne na nusu. Ikishindwa, mpira unahamia kwa wapinzani. Kurusha mpira mbele kwa mkono kulikuwa marufuku. Mpira ulibebwa kifuani, ulipasiwa nyuma au ulipigwa teke. Kuufikisha nyuma ya mstari wa goli kulileta pointi tano, kanuni iliyoanza mwaka mmoja tu kabla, 1898. Zamani zilikuwa nne. Mkwaju wa nyongeza ulileta pointi moja. Mechi kamili ilikuwa ya dakika 70, ingawa mara nyingi pande mbili zilikubaliana kuipunguza. Aliyetoka uwanjani hakuruhusiwa kurudi. Kofia ya kulinda kichwa haikuwa ya lazima, na haikuwa hivyo mpaka mwaka 1939.

Fikiria matokeo ya kanuni hizo. Kwa kuwa yadi zinazohitajika ni chache na pasi ya mbele hakuna, njia ya uhakika ya kusogea ni kukusanya miili mahali pamoja na kusukuma. Watu saba au wanane wanamzunguka mwenye mpira, wanajitupa kwenye ukuta wa wapinzani, wanaanguka rundo moja, wanainuka, wanarudia. Hivyo kwa zaidi ya saa nzima. Na kwa kuwa anayetoka harudi, mchezaji mwenye bega lililoteguka ana kila sababu ya kulificha. Katika mechi ya Austin nahodha Henry Seibels alipasuka kichwani. Alibandikwa plasta akaendelea kucheza, na safari ikaendelea naye.

Kanuni hizo hizo zinapunguza pia ajabu ya sifuri tano mfululizo, na jambo hili wasimulizi wengi hulipita. Mwaka 1899 timu nzuri kutofungwa lilikuwa jambo la kawaida. Ukikwama, unapiga teke mpira uende mbali na kumwachia mpinzani kazi ya kusukuma urefu wa uwanja mzima. Timu yenye ulinzi mgumu na mpigaji mzuri wa teke iliweza kukaa hivyo mechi nzima ikisubiri mwenzake ateleze. Harvard ya mwaka huo huo ilishinda mechi 10, ikatoka sare ya bila kufungana na Yale, na msimu mzima iliruhusu pointi 10, sawasawa na Sewanee. Kwa hiyo si sifuri peke yake inayostahili kutushangaza. La kushangaza ni sifuri ya Jumanne, mjini Memphis, kutoka kwa watu wale wale waliokuwa wamesukumana Austin Alhamisi. Timu ilisafiri na watu wapatao 20, na waliobeba mzigo halisi wa mechi zote hawakuzidi sana 11.

Sasa ratiba. Meneja wa timu alikuwa Luke Lea, mwanafunzi wa miaka 20. Sewanee ilikuwa imegombana na Vanderbilt, jirani yao wa Nashville na mpinzani wao mkubwa, juu ya mgawanyo wa mapato ya mlangoni. Mechi yao ya 1899 ikafutwa, na ndiyo iliyokuwa ikileta fedha nyingi kuliko nyingine. Lea alitafuta pengo hilo alizibe vipi, na jibu alilopata ni kuandikiana na vyuo vya mbali, kukubaliana fungu la fedha kwa kila mechi, na kuzipanga mechi karibu karibu ili nauli na malazi visimeze mapato. Ukilitazama kwa hesabu, kila siku ambayo timu inalala bila kucheza ni hasara. Mechi tano kwa siku sita zilipatikana hapo, katika daftari la meneja, kabla ya kupatikana uwanjani.

Sina shaka kwamba Lea alikuwa mtu wa kipaji. Baadaye alianzisha gazeti la Tennessean mjini Nashville, akawa seneta wa Marekani kuanzia 1911 hadi 1917, na Januari 1919 aliwaongoza wanajeshi wachache kwenda Uholanzi kumteka Kaiser Wilhelm II wa Ujerumani, jaribio lililoshindwa. Mtu wa namna hiyo hupanga mambo ambayo wengine hawathubutu. Inasimuliwa pia kwamba alichukua mapipa ya maji ya chemchemi ya Sewanee ili wachezaji wasiumwe matumbo kwa maji ya ugenini, na kwamba viatu vya kuchezea vilisahaulika mwanzoni mwa safari na ilibidi vifuatishwe. Lakini tazama yaliyo chini ya visa hivyo: afya, vifaa, fedha, mikataba na maisha ya wanafunzi wenzake vilikuwa mikononi mwa kijana ambaye hajamaliza masomo, na hakuna kanuni yoyote iliyomtaka aulize mtu mwingine.

Chombo kilikuwepo, kwa kweli. Desemba 1894 wajumbe wa vyuo vya Kusini walikutana Atlanta wakaunda umoja wa michezo, wakiongozwa na William Dudley, profesa wa kemia wa Vanderbilt. Sewanee ilihesabiwa kuwa bingwa wa umoja huo mwaka 1899. Umoja ulijishughulisha zaidi na kuzuia wachezaji wa kulipwa na wale wanaohama chuo hadi chuo kwa ajili ya mpira. Idadi ya mechi kwa wiki, muda wa kupumzika, daktari uwanjani: hayo hayakuwa kazi yake. Waliokuwa na madaraka waliogopa kudanganywa kuliko walivyoogopa kuumia kwa mtu.

Na haikuwa kwamba hatari haikujulikana. Oktoba 1897, miaka miwili kabla, Richard Von Gammon wa Chuo Kikuu cha Georgia aliumia katika mechi dhidi ya Virginia mjini Atlanta akafariki. Bunge la jimbo la Georgia lilipitisha muswada wa kuupiga mchezo marufuku. Mama yake marehemu, Rosalind Burns Gammon, aliandika barua akiomba kifo cha mwanawe kisitumiwe kuufuta mchezo alioupenda, na Gavana William Atkinson akakataa kutia sahihi. Mchezo ukaokoka Georgia kwa ombi la mama aliyefiwa. Sewanee ilipoanza msimu wake kwa kuifunga Georgia hiyo hiyo 12-0 mjini Atlanta, kila mtu uwanjani alikuwa anaijua habari ile. Hata hivyo, kanuni za uchezaji hazikuwa zimebadilika kwa kiasi cha maana.

Tuje kwa wapinzani, kwa sababu hapa majina yanadanganya. Msomaji wa leo akisikia Texas, Texas A&M na LSU anaona viwanja vya watu laki moja na bajeti za mamilioni ya dola. Mwaka 1899 vilikuwa vyuo vinavyojifunza mchezo, baadhi vikiwa na miaka michache tu tangu kuuanza. Tulane haikushinda mechi hata moja msimu ule. LSU ilishinda moja, na aliyefungwa ni Tulane. Cumberland, iliyopigwa 71-0 huko Sewanee baada ya safari, ndiyo timu ambayo mwaka 1916 ilifungwa 222-0 na Georgia Tech. Ukiziondoa hizo, msimu wa Sewanee unabaki na mechi tano au sita za kupimia ubora: Georgia, Texas, Texas A&M, Auburn, North Carolina, na ukipenda Mississippi.

Na hapo ndipo ninapoikubali timu hii kwa moyo wote. Texas A&M iliyofungwa 10-0 Houston iliichapa LSU 52-0 msimu ule ule. Texas nayo iliifunga LSU 29-0. Kwa hiyo mechi mbili za kwanza za safari zilikuwa ngumu kweli, na zilichezwa siku mbili mfululizo. Baada ya hapo ratiba ililegea kidogo, New Orleans na Baton Rouge, kwa watu ambao miguu ilikuwa imeanza kuisha. Kama mpangilio ungekuwa kinyume, Tulane na LSU kwanza, halafu Texas na A&M siku ya tano na ya sita, naamini leo tusingekuwa tunaizungumzia Sewanee. Bahati ya ratiba ilikuwa na sehemu yake, na kuitaja hakumpunguzii mtu heshima.

Kocha wao, Billy Suter, alitoka Princeton. Hili ni jambo kubwa kuliko linavyoonekana. Mchezo ulikua Kaskazini Mashariki, tangu Rutgers na Princeton walipokutana Novemba 6, 1869, na ni Walter Camp wa Yale aliyesukuma, miaka ya 1880, kanuni za mstari wa kuanzia na majaribio yaliyohesabiwa ambazo ziliutenga kabisa na raga. Kusini kulikuwa nyuma kwa karibu miaka 20. Chuo cha Kusini kilichompata mtu aliyelelewa katika mchezo huo kilikuwa kimenunua elimu ambayo jirani yake hana. Timu moja tu iliyowatikisa Sewanee ilikuwa na bahati hiyo hiyo: Auburn ya John Heisman, aliyecheza Brown na Pennsylvania.

Mechi ya Auburn, Novemba 30 mjini Montgomery, inafaa isomwe polepole na kila anayeisifia safari ya treni. Ilikwisha 11-10. Auburn walicheza kwa kasi, wakipanga shambulio jipya kabla wapinzani hawajajipanga, na ukuta ambao haukuwa umepasuka msimu mzima ulipasuka. Heisman aliondoka amekasirika, akaandika gazetini akilalamikia uamuzi. Sewanee ilishinda kwa pointi moja, na kwa kanuni za siku hizo pointi moja ni mkwaju wa nyongeza. Siku mbili baadaye timu hiyo hiyo ilikuwa Atlanta ikiifunga North Carolina 5-0. Kama unataka kujua timu hii ilikuwa na nini, usiishie kwenye siku sita za Novemba. Tazama siku tatu za mwisho, miili ikiwa na uchovu wa wiki sita, mbele ya wapinzani wawili wa kweli, na matokeo mawili ya jasho.

Je, walikuwa bora kuliko wote Marekani? Swali hili haliwezi kupata jibu, kwa kuwa Kaskazini na Kusini hazikukutana. Wengi waliochagua bingwa baadaye waliitaja Harvard. Nami nasema hivi: Sewanee ilikuwa bora kuliko timu zote za Kusini mwaka 1899, na hilo limethibitishwa uwanjani. Zaidi ya hapo ni mapenzi. Hata sifa ya kusafiri si yao peke yao, maana Carlisle, shule ya vijana wa mataifa ya asili ya Marekani iliyokuwa Pennsylvania, ilivuka bara zima na siku ya Krismasi ya 1899 ikaifunga California 2-0 mjini San Francisco.

Kuna jambo jingine ambalo nyimbo za sifa hulifunika, nalo ni nani aliyekuwa na ruhusa ya kucheza. Sewanee ilianzishwa mwaka 1857 na maaskofu wa Kusini, mbele yao Leonidas Polk, mmiliki wa watumwa ambaye baadaye alikuwa jenerali wa jeshi la Muungano wa Kusini na kuuawa vitani mwaka 1864. Vyuo vyote 12 ilivyokutana navyo vilikuwa vya Wazungu peke yao. Katika msafara alikuwemo mtu Mweusi, Cal Burrows, ambaye kazi yake ilikuwa kuwakanda wachezaji misuli. Mechi tano kwa siku sita hazichezeki bila mikono ya mtu wa namna hiyo, na jina lake hutajwa mara chache sana yanapotajwa ya nahodha na meneja. Reli waliyosafiria iliingia Louisiana, jimbo ambalo sheria yake ya 1890 ililazimisha Weusi na Weupe kukaa mabehewa tofauti, sheria iliyobarikiwa na Mahakama Kuu ya Marekani mwaka 1896 katika kesi ya Plessy. Vijana Weusi hawakukaa wakisubiri kukaribishwa. Desemba 27, 1892, Biddle na Livingstone walicheza Salisbury, North Carolina, mechi ya kwanza kati ya vyuo vya Weusi. Huo nao ulikuwa mwanzo wa mchezo, na historia yoyote ya miaka ile isiyoutaja ina upungufu.

Mchezo usio na mwenyewe ulifika mwisho wake mwaka 1905, mwaka ambao si chini ya watu 18 walikufa kwa futiboli nchini Marekani. Oktoba 9 Rais Theodore Roosevelt aliwaita Ikulu wawakilishi wa Harvard, Yale na Princeton kuwataka wausafishe. Desemba, vyuo 62 viliunda chombo cha kitaifa ambacho tangu 1910 kinaitwa NCAA. Msimu wa 1906 pasi ya mbele iliruhusiwa na yadi za kutafuta zikapanda kutoka tano hadi 10, makusudi ili watu watawanyike uwanjani badala ya kurundikana. Mwaka 1912 uwanja ulifupishwa kuwa yadi 100, majaribio yakawa manne, na bao likawa pointi sita. Futiboli inayoonekana leo kwenye televisheni ilizaliwa katika miaka hiyo saba, kwa kulazimishwa na vifo.

Mabadiliko hayo yalikuwa ya haki, nami siyaonei huruma yaliyopotea isipokuwa moja. Katika mchezo wa zamani chuo chenye wanafunzi mia chache kingeweza kusimama mbele ya chuo cha jimbo zima na kushinda, kwa sababu kilihitaji watu 11 wagumu, kocha mmoja mwenye elimu na meneja mwenye akili ya fedha. Kanuni ziliporuhusu wachezaji wengi wa akiba, na mapato ya mlangoni yalipojenga viwanja vya zege, wingi wa watu na fedha ukawa na uzito ambao ushujaa hauwezi kuuinua. Usalama ulikuja pamoja na ukubwa, na ukubwa uliwafungia mlango wadogo. Hakuna aliyekusudia hivyo, lakini ndivyo ilivyokuwa.

Sewanee yenyewe ndiyo ushahidi. Mwaka 1932 ilikuwa miongoni mwa waanzilishi wa ligi ya SEC, pamoja na LSU, Tulane, Mississippi, Georgia, Georgia Tech, Auburn na Tennessee, timu zote saba ilizozifunga mwaka 1899. Ilicheza mechi 37 za ligi hiyo na kupoteza zote, ikajitoa Desemba 1940. Leo inacheza katika daraja la tatu la NCAA, ambako vyuo haviruhusiwi kutoa ufadhili wa masomo kwa ajili ya michezo.